Njoo Nyumbani, Usiulize Mengi

Watu wa Geita wanamsifu kaka yangu Masalu mpaka nasikia kichefuchefu. Eti kijana wa Ushirombo kainua kampuni ya usalama wa mtandao kwa mikono yake. Sawa, kainua. Lakini hawajui kwamba ilianzia kwenye machozi ya mama. Tapeli mmoja alimwandikia mama kwamba Masalu kalazwa Kahama, anatakiwa kupasuliwa haraka. Mama akauza ng'ombe wake, akatuma. Masalu mwenyewe alikuwa mzima wa afya, anatengeneza simu kwenye kibanda chake pale Segese. Alipojua alilia kama mtoto, akaapa hakuna mtu atakayemchezea mama yake tena.

Ndiyo ikazaliwa Kitasa, hiyo kampuni yake. Alianza na mawakala wa pesa za simu hapo hapo Segese, wakaja wanunuzi wa dhahabu, wakaja wenye makarasha ya kusagia mawe ya dhahabu, wote wamechoka kuibiwa. Akahamia Geita mjini, ghorofani, kiyoyozi ndani na mlinzi mlangoni. Mama akanyang'anywa simu kabisa, eti kwa usalama wake. Namba ngeni kaka hapokei. Zamani tulikuwa tunamwona Krismasi, siku hizi hata Krismasi ana semina.

Mwezi wa sita mama akaanguka. Upande mmoja ukafa ganzi, maneno yakabaki machache. Daktari akatuambia turudi naye nyumbani, na mtu mzima akiambiwa hivyo anaelewa. Mama alikuwa na ombi moja tu, amwone Masalu. "Ng'wana wane yuko wapi?" Mwanangu yuko wapi. Nikisema anakuja, anatulia, halafu anauliza tena. Roho ilikuwa inaniuma, sikufichi.

Simu yangu ilikuwa imetumbukia kisimani, nikaazima ya jirani yetu Gregory. Nikapiga, haipokelewi. Nikaamua kuandika. Mjomba Stanslaus, kaka yake mama, akanisimamia kichwani kama hakimu.

"Usimwandikie kwamba mama yake anakufa. Atakuwa anaendesha gari, ataua watu. Wewe mwite tu aje."

Kwetu ndivyo ilivyo. Habari nzito haitupwi kwenye simu, mtu anaitwa, anakalishwa, anashikwa mkono ndipo anaambiwa. Nikaandika: "Kaka, ni Paskazia. Njoo nyumbani haraka, mama anakuita. Usiulize mengi."

Kimya. Kesho yake nikapiga ofisini. Akapokea binti mmoja, Gulnaz, sauti ya adabu kabisa.

"Mama ana tatizo gani hasa, dada?"

Mjomba yuko pembeni ananikazia macho. Nikasema, "Anaumwa kidogo. Mwambie tu bosi wako aje."

"Samahani, dada yangu. Hapa kila siku mama yake bosi anaumwa kidogo." Akakata.

Utamlaumu vipi? Kafundishwa. Mimi nilimtukana hata hivyo, na simu imeshakatika.

Mama alikata roho alfajiri, uso ameuelekeza mlangoni. Mjomba akasema hatuziki bila mtoto wa kwanza, na kwa kuwa simu hazisaidii, nimfuate mwenyewe. Nikapanda basi la Geita na kanga zile zile nilizomuuguzia.

Mlinzi wa Kitasa akanielekeza kwenye ukumbi wa jirani, bosi anafundisha. Kumejaa watu, mawakala, madalali wa dhahabu, wenye maduka. Kaka kasimama mbele, kanenepa, suti imemkaa. Na pale ukutani, kwa mwanga wa projekta, maandishi makubwa kama ya tangazo la mkutano wa injili, nikakuta ujumbe wangu.

"Huu nimetumiwa mimi wiki hii," alikuwa anasema. "Mimi. Hata jina la mdogo wangu wanalijua." Watu wakacheka. "Sasa tapeli utamjuaje? Hasemi jambo lenyewe. Anakuharakisha, halafu anakukataza kuuliza. Mwenye shida ya kweli anaitaja shida yake."

Watu wakainama wakaandika. Mwanamke mmoja karibu yangu alikuwa anatikisa kichwa, anawaonea huruma wanaodanganywa na ujinga kama ule. Nilitaka kumzaba kibao. Sijui kwa nini yeye.

"Masalu," nikaita kutoka nyuma. Sikusema kaka.

Akageuka, akaanza kutabasamu, kisha akaziona kanga zangu na tabasamu likakwama. Ukumbi mzima ukanigeukia. Nilijua ninavyopaswa kufanya, nimtoe nje, nimtafutie kiti, nimshike mkono. Sikuwa na nguvu ya hayo yote, na hasira ilikuwa imenifika hapa.

"Mama amekufa."

Nilimwambia hivyo hivyo, amesimama peke yake mbele za watu. Akafungua mdomo, na kilichotoka ni kile kile anachowafundisha wateja wake miaka yote.

"Nani amekuambia?"

"Nimemfumba macho mimi."