Mtu wa Ngazi Katika Shuka la Ilda

Jumamosi asubuhi Ilda alifua shuka la kitandani, akalianika uani kwake kijijini Mahurunga, na yule Mjerumani mwembamba akaanza kazi yake.

Alikuwa amebaki ndani ya shuka hilo tangu masika, padre alipoliazima shuka ili aonyeshe sinema za Kijerumani za kuchekesha za zamani, zile zisizo na sauti. Mashine ilipozimwa, waigizaji wengine waliondoka. Yeye alikaa. Padre alisema hakulijua jina lake. Katika kila sinema alibeba ngazi, akaanguka, na maua akapewa mwenzake mnene. Ilda alimwonea huruma. Alimfua kwa sabuni kidogo, na jua likiwa kali alimgeuzia kivulini.

Majirani walishamzoea. Ngazi haikuwachekesha tena.

Wiki ile Jeronimo, mume wa Ilda, alikuwa amelichukua shuka shambani, kwenye dungu alikolala akilinda mihogo isiliwe na nguruwe. Kila jioni Ilda alipika, akamtuma mdogo wake Madalena ampelekee.

Sasa Mjerumani aliiweka ngazi chini. Akatembea akiburuta mguu wa kushoto, akakohoa bila sauti, akajikuna shingo.

"Mumeo huyo, Baba Josephu!" alisema jirani yake, Zuhura. "Mtazameni! Kakosa ugoro tu."

Ilda alicheka mpaka akashika mbavu. Watu wakaja na vigoda.

Mjerumani akageuka. Akajifunga kanga isiyokuwepo, akajitwika sufuria, akacheka huku amefunika mdomo kwa kiganja, kama anavyofanya Madalena kuficha pengo lake. Akatua sufuria. Akapiga magoti, akapuliza taa ya dunguni, ikazimika.

Zuhura alikuwa amecheka kabla taa haijapulizwa. Wote walicheka kabla.

Ilda aliwatazama.

"Mmejua tangu lini?"

"Tangu palizi, Mama Josephu," alisema Zuhura. "Tulidhani umeamua kunyamaza. Si wewe unayemtuma?"

Mjerumani alikuwa ameinama, anasubiri. Ilda alimtazama na yeye, mtu aliyekuwa akimgeuzia kivulini. Mmoja akapiga makofi, kisha wengine, na yule mwembamba akaweka mkono kifuani. Hakuwahi kupigiwa makofi.

Jeronimo alikuja alasiri, akakaa mbele. Mchezo ulirudiwa kwa ajili yake.

"Mguu siburuti hivyo," alisema.

Mjerumani akarekebisha.

Madalena akaja, akasimama mlangoni, kiganja mdomoni.

"Dada, chakula tayari?"

"Kipo jikoni," alisema Ilda.

Jeronimo aliinuka, akajifuta vumbi. "Leo shuka libaki," alimwambia mkewe. "Watu wanalitaka."

Madalena akajitwika sufuria, akamfuata shemeji yake shambani.

Majirani waliomba tena. Kamba ilikuwa imelegea, shuka limepinda, na Mjerumani wa watu alionekana ana kibyongo. Ilda akainuka, akaikaza.