Wajomba wa Watoto wa Kronosi

Zama za ruksa, biashara zilipofunguliwa, kila mwenye deki alifungua banda la video pale Mwembesongo, na mtafsiri wa banda letu nilikuwa mimi, Stambuli. Sipendi kabisa kukatizwa nikiwa kazini. Siku hiyo nilikuwa natafsiri mkanda wa miungu ya Wagiriki. Mungu Kronosi, kwa kuogopa kupinduliwa na wanawe, alikuwa anawameza mmoja mmoja mbele ya mama yao, Rea. Mara Bibi Pili, Mluguru muuza ndizi kutoka Matombo, akasimama mbele ya televisheni.

"Simamisha! Wajomba zao wako wapi?"

"Shikamoo bibi. Hawa si Waluguru, ni Wagiriki."

"Mtoto ni wa ukoo wa mama. Baba ana haki gani ya kumeza watoto wa watu? Kaka yake Rea aitwe!"

Banda zima likadakia: "Aitwe!"

Nikachemka. "Kaka yake Rea ndiye huyo huyo Kronosi! Kamwoa dada yake!"

Bibi Pili akajitwika sinia lake la ndizi taratibu.

"Basi endelea, mjukuu wangu. Hao walishamezwa tangu siku ya harusi."