Maji ya Kunyolea

...na kalamu yenyewe imefungwa kwa uzi kwenye mguu wa meza, kana kwamba kuna mfiwa atakayetoka nyumbani na msiba wake kichwani aje kuiba kalamu ya serikali, na uzi mfupi, inabidi mtu ainame, basi mzee akainama, miaka yake sabini na mitatu ikainama naye, macho yakarudi palepale kwenye mstari wa saba, Dini ya marehemu, weka alama kwenye kisanduku kimoja tu, na hiyo kimoja tu wameipigia mstari, visanduku vyenyewe havihesabiki, zamani karatasi hii haikuwa na hata kimoja, zamani mtu alikufa akazikwa, jina, kazi, mwanachama au si mwanachama, imekwisha, na makaburi ya wafanyakazi yalipangwa safu kwa safu kama mashine kiwandani, ulilala jirani na yeyote aliyekutangulia kufa, lakini sasa wameyagawa kwa seng'enge, Waislamu upande wa juu, Wakatoliki karibu na barabara, makanisa mapya ya vipaza sauti chini kwenye tambarare, wanaofuata mila za mababu kando ya kijito, kila upande na lango lake, kila lango na mlinzi wake, na kila mlinzi anataka karatasi, na mkewe yuko chumba cha maiti tangu jana asubuhi anangoja mstari wa saba.

"Pamebaki hapo tu, mzee," akasema karani, binti mpole, hana haraka, na upole wake ndio uliomuumiza, maana mtu angemkaripia angalau angepata cha kujibu, "tunafunga saa sita, na ukichelewa hapo basi mpaka keshokutwa," na yeye akasema ndiyo, ndiyo mwanangu, akatazama visanduku viwili vya mwisho, Hana dini, na Haijulikani, na cha kwanza hicho enzi zake angekipigia alama kwa fahari, yeye katibu wa tawi la Chama kiwandani, Chama kilichokataza ibada, fundi wa mashine namba nne, angeweka alama akapiga na muhuri, lakini ni uongo, na yeye si mwongo, hilo hata maadui zake walikiri, na cha pili ndicho kweli tupu, haijulikani, ila wa haijulikani wanazikwa nyuma kabisa na maiti waliookotwa barabarani, wasio na mtu, na mkewe ana watu, watu wake hao wako kwenye benchi nyuma yake wanagombana kwa kunong'ona kama walivyogombana wakiwa na miaka sita na minane, shwari kidogo, halafu tena...

"Mama alikuwa anaimba akipiga pasi," anasema binti yake mkubwa, "na ule wimbo tunauimba kanisani hadi leo, mdogo wangu, usinibishie," kanisa lenyewe limo ndani ya kiwanda kilekile, kiwanda kilikufa na Chama kikafa, wakang'oa mashine, pale ilipokuwa namba nne yake sasa kuna kinanda, mzee alikwenda mara moja akasimama mlangoni, akaona watu wanalia na kuruka pale alipopotezea kidole, akarudi nyumbani, "wimbo huo hata redioni ulipigwa, dada," anasema mwanawe, naye msikiti wake ulikuwa ghala la mbolea, mwenyewe husema siku za joto bado unanuka, husema akicheka, mtoto mwema, wote wema, hiyo ndiyo taabu, "Mama alikuwa ananawa miguu alfajiri, nani ananawa miguu alfajiri bila sababu?" "Mtu mwenye miguu michafu," "Dada, tuheshimiane," "Basi aseme Baba, Mama mwenyewe alisema, mimi nilimuuliza na wewe ulimuuliza, akatujibu baba yenu anajua," na hapo mzee akahisi macho manne yamemkaa mgongoni.

Baba yenu anajua... alikuwa anamcheza shere, ndivyo alivyoamini miaka yote hii, alikuwa anamlipizia kwa upole wake ule, maana kama kuna mtu chini ya jua asiyejua ni yeye, aliyelala naye kitanda kimoja miaka arobaini na minne, na hakuna wa kumuuliza, mkewe alikulia kituo cha watoto wa serikali, hata jina alipewa na msimamizi, hana shangazi, hana mjomba, alikuja na sanduku moja la bati na kile alichokuwa nacho moyoni, na alikuwa nacho, hilo analijua, alikinong'ona kwenye pembe kati ya kabati na ukuta, kila alfajiri, na yeye mwishoni mwa kila mwezi analeta karatasi ofisi hii hii, pengine meza hii hii, Mimi katibu wa tawi nathibitisha kwamba nyumbani mwangu sijaona wala kusikia ibada ya aina yoyote, sahihi, tarehe, wenzake walitia sahihi huku wakicheka, makatibu watatu walikuwa na mama zao wanaosali chumba cha pili na sahihi zao nzuri ajabu, wakanywa chai wakaenda zao, lakini yeye hapana, yeye angesema kweli, yeye angeifanya sentensi iwe kweli, kwa hiyo alfajiri mkewe akiamka naye anaamka, anakwenda nyuma ya pazia penye sinki, anafungulia bomba mpaka mwisho, na bomba la kota lile lilikuwa na kelele ya kutosha kuzika mazungumzo ya wizara nzima, anapaka povu mpaka masikioni, ananyoa, anarudia kunyoa pasipo na ndevu, robo saa, mpaka kiwandani wakambandika jina Kidevu, Kidevu mashavu kama ya mtoto, na kila mwezi akatia sahihi, sijaona wala kusikia, mpumbavu, mpumbavu mwaminifu.

Na siku ile maji yalipokatika... akafungulia bomba likakohoa likanyamaza, akabaki na wembe mkononi, chumba kizima kimya, upande wa pili wa pazia mkewe naye kimya, anamsikia anapumua, hakuanza, alikuwa anangoja, robo saa wamesimama hivyo, yeye na wembe wake, mkewe na pembe yake, pazia katikati, mpaka jua likatoka na kila mtu akaenda kazini, na jioni hakuna aliyegusia, hapo ndipo alipojua kwamba mkewe anajua, anajua habari ya bomba, na aibu ikamvaa, akafikiri ananidharau, anaona mume hana uti wa mgongo, anajificha nyuma ya maji, na kesho yake maji yaliporudi, alipotoka nyuma ya pazia na povu shingoni, mkewe akamwambia, "Ahsante kwa maji, baba watoto," naye akadhani ni maji ya ndoo, maana alikuwa amemjazia na ndoo...

Kalamu ikasimama hewani. Ahsante kwa maji. Ukuta wa kota ulikuwa wa mbao nyembamba, upande wa pili alilala yule mtu wa usalama wa kiwanda, akikohoa unamwitikia pole, ukinong'ona anasikia, na kila nyumba ya safu ile ilijua hivyo, na mkewe alijua, na mume wake anaamka alfajiri bila kuombwa, anafungulia maji mpaka mwisho, kila siku ya Mungu, ili jirani asisikie... hivyo ndivyo alivyoona, Mungu wangu, hivyo ndivyo alivyoishi naye, hakumdharau hata siku moja, alidhani mume anamlinda, alidhani wako wawili.

Na asubuhi ile nyingine, mbona anaikumbuka sasa, alikuwa na mimba ya huyu mwana, aliingia nyuma ya pazia, hakuwahi kuingia, akasimama karibu kabisa, akamwekea kiganja mgongoni, maji yananguruma kwenye sinki, akaanza kusema, na alisema kwa muda mrefu, hakuwa mtu wa maneno mengi lakini siku ile alisema, midomo yake inakwenda kwenye kioo, na yeye, povu masikioni, akakumbuka sijaona, akafumba macho, alifumba macho, akahesabu meno ya magurudumu ya namba nne moja mpaka sitini na nne mpaka kiganja kikatulia, halafu akasema lile ambalo mume husema, "Sawa, nimesikia," na alipofumbua mkewe alikuwa anatabasamu kama mtu aliyetuliwa mzigo kichwani, na hakurudia tena, kwa nini arudie, keshamwambia mume wake, na watoto walipokua, Chama kilipokwisha, kila mtu akirudi kwa Mungu wake kwa vipaza sauti na kila mmoja wa watoto akimletea mama kitabu chake, akavipokea vyote viwili, akavifunga kitambaa kimoja akaviweka kabatini, akawaambia baba yenu anajua, bila shere, bila kisasi, akiwa na hakika, na pengine jana, chumba kile cha hospitali, aliposhindwa kusema na bado akamtazama yeye tu, hakuwa na wasiwasi wowote.

"Baba," akaita binti yake kutoka kwenye benchi, taratibu. Mwanawe akasimama, akaketi tena. Karani akaisogeza karatasi kidogo ili uzi umfikie vizuri, akamwonyesha mstari wa saba kwa kidole.

"Kisanduku kimoja tu, mzee. Umenisikia?"

"Nimesikia," akasema mzee, na kalamu ikabaki palepale.