Vigae Tisini

“Kwa heshima kubwa na taadhima isiyopimika, Benki inayo furaha kuwatangazia wateja wake, majirani wa wateja wake na viumbe wote wenye masikio, kwamba deni la nyumba namba kumi na saba limekwisha, limefutika, wala halitatajwa tena.”

Hivyo ndivyo barua ilivyoanza, na ilikuwa barua ya kutia heshima. Juu ilikuwa na nembo ya benki, chini mhuri wa duara. Ila nembo ilikatwa kwa mkasi wa kucha kutoka kwenye bahasha ya zamani, ikabandikwa, ikatolewa kopi. Mhuri ulikuwa kitako cha chupa ya dawa ya kikohozi kilichochovywa kwenye wino. Na Mkurugenzi Mkuu aliyetia sahihi alikuwa msichana wa miaka kumi na sita, yuko likizo, ambaye asubuhi hiyo alitumwa sabuni akarudi saa sita bila sabuni.

Bwenini walimwita Waziri. Cheo hicho alikipata kidato cha pili, alipobandika ukutani waraka wa kufuta uji wa asubuhi kwa sababu za kiusalama. Wasichana mia mbili walibaki vitandani kwa utiifu mkubwa, na ilipita saa nzima kabla mwalimu wa zamu hajagundua kwamba Wizara ya Uji haipo. Waziri aliadhibiwa kufyeka majani wiki mbili. Jina likabaki, likamfuata mpaka nyumbani.

Baba yake alikuwa fundi vigae, mtu mrefu ambaye watu walimjua zaidi akiwa amepiga magoti. Miaka saba na nusu nyuma alikopa benki milioni kumi, akanunua nyumba ya vyumba viwili na varanda yenye sakafu tupu. Siku ile ile alichukua kamba na chaki, akaigawa sakafu ya varanda miraba tisini, safu tisa za miraba kumi kumi. Kila mwezi, akishatoka kulipa, alijaza mraba mmoja kwa kigae kilichobaki kazini. Kwa hiyo hapakuwa na viwili vilivyofanana. Kulikuwa na kigae cha bafu la daktari, kigae cha jiko la mwanasheria, na kimoja cheusi cha hoteli iliyofungwa kabla haijafunguliwa.

Kwa nini tisini? Baba alikuwa na hesabu yake, na aliieleza kwa kila mgeni aliyekanyaga pale. Mkopo milioni kumi. Riba asilimia kumi na tano, yaani milioni moja na nusu. Jumla kumi na moja na nusu. Kila mwezi laki moja na ishirini na nane elfu na themanini na tatu. Gawanya. Waziri ndiye aliyegawanya, akiwa darasa la tatu, kwa penseli, juu ya mfuko mtupu wa saruji. Alipata tisini kasoro kidogo, akanunuliwa soda.

Ndivyo mafundi walivyokopeshana siku zote. Mwenye duka la vifaa vya ujenzi alimpa Baba mifuko kumi ya saruji na kumdai bei ya kumi na moja na nusu, na hata Baba akichelewa mwaka mzima, deni lilikuwa lile lile na matusi juu yake. Riba ilikuwa kitu kinachotiwa mara moja, kama chumvi. Ile miaka ishirini na mitano iliyoandikwa kwenye mkataba aliichukulia kuwa uvumilivu wa benki kwa watu wazembe.

Kigae cha tisini kilibandikwa siku tatu kabla Waziri hajafunga shule. Alipofika nyumbani alimkuta Baba ana hasira na kila kitu. Alikuwa na hasira na birika, na mlango, na msomaji wa taarifa ya habari. Mara nne kwa siku alikwenda getini kuangalia kama kuna barua.

“Wamekula hela yangu, sasa wamekaa kimya kama watu walioshiba,” alisema.

“Si uende ukawaulize, baba watoto?” alisema Mama, ambaye alipika katika jiko la hospitali na hakuwa na subira na watu wanaonung’unika wakiwa wazima.

“Mimi niende? Walipokuwa wanadai walikuwa na namba yangu. Nikichelewa siku mbili, simu. Siku tatu, ujumbe wa onyo. Leo nimemaliza, wamekuwa mabubu.”

Hapo ndipo Waziri alipopata wazo, na mawazo yake yalikuwa na tabia ya kufika yakiwa yameshavaa. Aya ya kwanza ya barua ingemshtua Baba. Aya ya pili ingeahidi bendi ya tarumbeta. Aya ya tatu ingesema kwamba meneja wa tawi atakuja mwenyewe, amevaa aproni, kupiga deki ile varanda. Hapo Baba angecheka, Mama angecheka, birika lingepumzika.

Lakini Baba alisoma kama alivyobandika vigae: neno moja, anakandamiza, anapima kama limekaa sawa, ndipo linafuata jingine. Alisimama varandani na barua aliyoikuta getini. Alimaliza aya ya kwanza. Akaketi chini, akavua viatu, akavua soksi, akaweka nyayo zake mbili juu ya vigae vyake. Kisha akaikunja barua, akaitia mfuko wa shati na kufunga kifungo.

Waziri alikuwa nyuma ya pazia, kicheko kikiwa tayari mdomoni. Alikimeza kizima.

Alipanga kusema asubuhi. Asubuhi Baba alikuwa ameshakwenda kazini, na jioni alirudi na habari. Kwa miaka saba alikuwa amefanya kazi hata Jumapili kwa msimamizi mmoja wa majengo, elfu tano kwa siku, na huyo msimamizi hakuwahi kumwita kwa jina, alimwita Goti. Goti, njoo. Goti, rudia pale.

“Nikamtazama hivi,” alisema Baba akiwa mezani. “Nikamwambia, bosi, hizo Jumapili zako kuanzia leo zibandike mwenyewe. Mimi nina nyumba yangu, nitalala ndani yake.”

Mama alicheka mpaka akaweka kijiko chini na kujifuta macho kwa ncha ya kanga. Kati ya kicheko hicho na maji ya kunawa palikuwa na nafasi nzuri kabisa ya mtu kusema ukweli. Waziri aliitazama ikipita.

Alhamisi, Baba alisema, “Vaa sare ya shule. Twende tukachukue hati yetu. Wewe ndiye msomi, utasoma, mimi nitatia sahihi.”

Ndani ya benki, Baba alitazama kwanza sakafu. “Aliyebandika hapa alikuwa na haraka,” alinong’ona. “Ona kona ile.” Afisa wa mikopo alikuwa mama mwenye miwani kichwani na kiatu kimoja amekivua chini ya meza. Alimkaribisha mzee, akapokea namba ya mkopo, akagonga gonga kompyuta yake.

“Unaendelea vizuri, mzee wangu. Salio lako ni milioni tisa, laki nne na tisini na mbili elfu.”

Baba alitabasamu kwa upole, kama mtu aliyepewa chenji ya mwingine. “Hiyo siyo yangu, dada. Angalia tena.”

Aliangalia tena. Ilikuwa yake. Mashine kwenye kona ikaanza kutema karatasi, moja, mbili, tano, nane, na afisa akazipanga mbele ya Waziri kwa kuwa ndiye aliyevaa sare. Lilikuwa jedwali la malipo mia tatu. Kila mstari ulikuwa na tarehe, kiasi kilicholipwa, kiasi kilichokwenda kwenye riba, na kiasi kilichopunguza mkopo wenyewe.

“Soma,” alisema Baba.

“Mwezi wa kwanza,” alisoma Waziri. “Umelipa laki moja na ishirini na nane elfu na themanini na tatu. Riba, laki moja na ishirini na tano elfu. Nyumba...” Alisita. “Nyumba, elfu tatu na themanini na tatu.”

“Rudia.”

“Elfu tatu na themanini na tatu.”

Baba alikuwa ananunua vigae kila wiki ya maisha yake. “Hiyo ni bei ya kigae kimoja,” alisema.

“Riba ni asilimia kumi na tano kwa mwaka, mzee,” alisema afisa. “Kila mwaka, ya kile kilichobaki. Siyo mara moja. Mwanzoni kilichobaki ni kikubwa, kwa hiyo riba inakula karibu malipo yote.”

“Nimelipa milioni kumi na moja na nusu.”

“Ndiyo. Na deni limepungua laki tano na elfu saba na ushee.”

“Na mwisho wa yote? Hiyo miaka ishirini na mitano?”

Waziri alifunua karatasi ya nane. Chini kabisa, kwa herufi zilizokaa kama chawa, palikuwa na jumla. Milioni thelathini na nane, laki nne na ishirini na nne elfu, mia tisa. Aliisoma kwa sauti ambayo hakuitambua.

“Karibu nyumba nne,” alisema Baba polepole. “Ninalala katika moja.” Halafu akapiga meza kwa kiganja, mara moja, kiganja kilichokauka kwa saruji, na kalamu ya afisa ikaruka. “Kila mwezi nimekuwa nikijinunulia kigae na kuwaletea nyinyi ukuta. Miaka saba. Nyie watu mna mama zenu kweli?”

Askari wa mlangoni alisogea hatua mbili. Afisa alimpungia mkono abaki.

Hasira ilimpanda Waziri kutoka miguuni. Aliona magoti ya Baba. Aliona zile Jumapili zote. Alisimama, na alipofungua kinywa ilitoka sauti ile ile ya waraka wa uji, isipokuwa safari hii alimaanisha kila neno.

“Mlimpa mkataba wa kurasa arobaini. Mlijua hatazisoma. Mlimwandikia ya furaha juu kwa herufi kubwa, na mauti mkayaweka chini. Mtu anayemwandikia mwenzake akijua kwamba atasoma mwanzo tu na kuuamini, huyo ni mwizi, hata akivaa tai. Ni mwizi wa kalamu.”

Watu waliokuwa kwenye foleni waligeuka. Mmoja akasema, “Mwambie, mwanangu.”

Afisa alirudisha mguu kwenye kiatu. Hakuonekana kukasirika, alionekana mtu aliyewahi kuyasema hayo mwenyewe, nyumbani kwake. Akainama mbele, akashusha sauti.

“Nisikilize, mzee, maana hili hatulibandiki ukutani. Malipo yako yaache yalivyo, lakini kila mwezi ongeza elfu ishirini, na uandike kwa mkono wako kwamba ziende kwenye mkopo wenyewe, zisiguse riba. Badala ya miaka kumi na saba na nusu iliyobaki, utamaliza kwa miaka kumi na moja hivi. Unaokoa zaidi ya milioni saba. Kwa elfu ishirini tu.”

Midomo ya Baba ilikuwa inagawanya.

“Elfu ishirini ni Jumapili nne,” alisema. “Nilikuwa nazo mpaka juzi. Nilimtupia bosi wangu mbele ya vibarua.” Sauti ikaanza kupanda tena. “Na nilimtupia kwa sababu yenu nyinyi. Kwa sababu mliniandikia.”

Alifungua kifungo cha mfuko wa shati.

Waziri alikaa chini.

Afisa alishusha miwani machoni, akasoma. Alipofika kwenye bendi ya tarumbeta nyusi zilipanda. Alipofika kwenye aproni alitazama mlango wa meneja, kisha akarudia aya ile. Aliigeuza karatasi, akaiinua kwenye mwanga wa dirisha, akausoma mhuri kwa nyuma.

“Mililita mia moja,” alisema.

“Nini?” aliuliza Baba.

“Mhuri wenu, mzee. Umeandikwa mililita mia moja. Barua hii haikutoka hapa.” Alimpa karatasi Waziri, taratibu, kwa mikono miwili kama anayekabidhi cheti. “Msomi, hebu msomee baba yako mpaka mwisho. Usiishie mwanzo.”

Baba alimgeukia binti yake. Uso wake bado ulikuwa na hasira ya benki, na katikati ya hasira hiyo alikuwa anamngoja, kwa imani yote, amtetee tena. Waziri alitafuta sauti ya waraka. Haikuwepo. Ilikuwepo moja tu, nyembamba, ya mtu aliyetumwa sabuni.

“Ni mimi, Baba. Nembo nimeikata kwenye bahasha iliyokuwa kabatini. Mhuri ni chupa ya dawa ya kikohozi, iko chini ya kitanda changu. Nilifikiri utafika kwenye bendi ucheke. Nilipoona umeishia juu, niliona, na nikanyamaza. Nimenyamaza siku nne.” Aliikunja barua. “Na kwa msimamizi nitakwenda mimi. Nitamsomea yote, hata ile ya aproni. Nitapiga magoti akitaka.”

Baba alikuwa anatazama ile kona ya sakafu iliyobandikwa vibaya.

“Na zile tisini,” alisema Waziri, “ni mimi pia niliyegawanya.”