Bei ya Kumaliza

Kwa karibu miaka kumi na miwili Milimita aliilipia nyumba yake bila kuuliza bei yake. Ukimwambia hivyo mtu anayemfahamu atakucheka, atadhani umechanganya watu. Fundi vigae huyu hakupewa jina lile bure. Akifika kwako kutazama sakafu, kabla hajafungua mfuko wa vifaa, anapiga hesabu mpaka kile kigae cha mwisho cha pembeni kitakachokatwa nusu, halafu anasema, "Bei ya kumaliza ni hii." Si bei ya siku, si bei ya mita. Mafundi wanaotaja bei ya siku aliwaita wezi, tena mbele yao.

Sasa mtu huyohuyo, siku alipokaa na mkewe mbele ya afisa mikopo wa benki, wote wawili wamevalia kama waendao kuposa, aliambiwa, "Kila mwezi laki tano na ishirini na sita tu, mzee wangu," naye akaitikia kwa kichwa. Bei ya siku kabisa! Akasaini kurasa kumi na nane, akala peremende kutoka kwenye bakuli la mezani, akarudi nyumbani anatembea juujuu. Mkopo wenyewe ulikuwa milioni arobaini. Hiyo ndiyo namba aliyoibeba kichwani miaka yote, na aliamini kila mwezi inapungua.

Afisa yule naye akabatizwa jina Peremende, kwa sababu ya lile bakuli na kwa sababu ya ulimi wake. Hakuwa mtu wa kupandisha sauti. Alikuwa na viganja vya majimaji na mtindo wa kukushika mkono asiuachie mpaka amalize kusema.

Mwaka wa nne mkewe Milimita aliugua. Kazi zikalala, akiba ikaenda hospitali, na marejesho yakaanza kumkosesha usingizi. Akaenda kwa Peremende kuomba huruma. Akapewa likizo ya miezi nane, asilipe hata senti. "Nenda kamuuguze mama," Peremende alisema, mkono wa fundi uko mikononi mwake. "Benki nayo ina moyo." Mwezi wa saba wa likizo hiyo mke akafariki, katika chumba cha nyuma, asubuhi, dirisha likiwa wazi kama alivyotaka.

Matanga yalipoisha Milimita alijiona ana deni la shukrani. Pesa hakuwa nayo, akatoa alichokuwa nacho. Alikwenda nyumbani kwa Peremende akamwekea vigae bafu zima, sakafu hadi dari, siku nne, bila malipo. Saruji nyeupe ya kujazia mistari aliinunua mwenyewe. Alipomaliza alisimama mlangoni akaitazama kazi, machozi yakamlengalenga, akamwomba Mungu amzidishie bwana yule.

Mwaka huu magoti yakamwambia basi. Daktari aliyaminya huku na huku, akasema ana miaka miwili ya kupiga magoti, mitatu akijitunza. Milimita alikuwa na miaka hamsini na minane na mkopo ulikuwa umebaki miaka kumi na mitatu. Hapo hahitaji kwenda shule mtu kuona kuna jambo halikai sawa. Jumatatu akajikokota benki.

"Usijali kabisa," Peremende alisema. "Tunakupa nafuu nyingine. Sasa hivi unalipa laki tano na hamsini na sita, siyo? Tunaishusha mpaka laki nne na themanini na nane. Kitu kimoja tu, muda unasogea kidogo."

"Kidogo kiasi gani?"

"Inakuwa miaka ishirini na mitano. Na kwa umri wako, mzee wangu, mfumo unadai jina la kijana pembeni yako. Yule binti yako muuguzi si yupo? Mwambie alete kitambulisho."

Milimita akasema sawa. Aliona aibu. Binti aliishi naye pale nyumbani pamoja na mtoto wake mdogo, na baba mtu alikuwa hajawahi kumwomba hata hela ya sukari. Alipokuwa anatoka, mhudumu wa dirishani akamwambia fomu ya nafuu hiyo huambatishwa na taarifa ya mkopo, na karatasi hizo zinalipiwa. Akalipia. Akazikunja, akaenda nazo nyumbani, na kwa mara ya kwanza tangu apate mkopo, akavaa miwani akasoma.

Alisoma na penseli ya kazi, ile bapa ya kuchorea vigae. Safu ya kwanza ilikuwa pesa aliyolipa, ya pili riba, ya tatu kilichokwenda kupunguza deni. Mwezi wa kwanza kabisa, katika laki tano na ishirini na sita zake, riba ilikuwa imechukua laki tano. Elfu ishirini na sita na ushee ndizo zilizogusa deni. Akadhani amekosea mstari. Akaweka rula chini ya mstari akasoma tena.

Alipofika kwenye ile miezi nane ya likizo, akasimamisha penseli. Safu ya malipo ilikuwa tupu, ya riba haikuwa tupu. Kila mwezi aliokuwa akimgeuza mkewe kitandani na kumlisha uji kwa kijiko, riba ilikuwa inaingia, na mwezi uliofuata riba hiyo nayo inatozwa riba. Alipoanza kulipa upya alikuwa anadaiwa milioni arobaini na mbili na robo. Zaidi ya alichokopa! Na miaka ishirini ikaanza kuhesabiwa upya kama vile ile minne hakuwahi kuwapo.

Akajumlisha mpaka mwisho, mara mbili. Alikwishalipa milioni sabini na mbili. Deni lililobaki, milioni thelathini na nane na pointi moja. Akiendelea hivihivi mpaka siku ya mwisho, nyumba ya milioni arobaini itakuwa imemtoka kwa milioni mia moja hamsini na tisa. Nyumba nne kamili, naye analala katika moja. Ile nafuu ya miezi nane, ambayo ilimwokolea milioni nne na kitu, ilikuwa imeongeza milioni thelathini na mbili mwishoni. Na nafuu hii mpya? Inampunguzia elfu sitini na nane kwa mwezi, inamwongezea milioni sitini.

Alikwenda kwenye sinki akatema mate, akasukutua, akatema tena. Kilichomtia kinyaa zaidi hakikuwa benki. Benki ni duka. Ni lile bafu. Mtu amemfanyia vile katika siku za mkewe kufa, naye akaenda kumpigia magoti siku nne, anamfutia vigae kwa kitambaa ili ving'ae!

Sakafu yake mwenyewe ilikuwa na vigae mia sita na ishirini, alivilaza kwa mkono wake na idadi anaijua usingizini. Katika milioni arobaini, alikuwa amepunguza milioni moja na laki tisa. Akapiga hesabu ya vigae kama anavyofanya kwa mteja yeyote: ishirini na tisa na nusu. Akachukua chaki, akaanzia mlangoni, akahesabu. Ishirini na tisa viliishia pale wanapovulia viatu. Akachora mstari.

"Baba, unapima nini?" binti aliuliza asubuhi, yuko na sare yake, anawahi zamu.

"Napima."

"Unataka kubadilisha vigae?"

"Nenda mama, utachelewa."

Akaruka mstari akaenda. Baba akabaki anajichukia kwa kukosa ulimi. Alijiambia atamweleza Jumamosi, siku yake ya mapumziko.

Jumamosi asubuhi Peremende akapiga simu. Chupa ya marashi imemponyoka, imepasua kigae kimoja bafuni. "Uje mara moja, mzee wangu, na ile karatasi yetu tuimalize hapahapa." Milimita alikuwa bado ana vigae vitatu vya akiba vya kazi ile. Fundi wa kweli huweka akiba. Akabeba kimoja, akaenda.

Lile bafu alilolilia miaka saba nyuma hakulitambua. Mistari nyeupe ilikuwa imeota kuvu nyeusi. Tundu la maji limezibwa na nywele na mabaki ya sabuni, choo kina utando wa njano, na juu ya yote hayo mtu amepulizia manukato mpaka hewa inanata kooni. Miaka saba hakuna aliyepitisha brashi pale. Milimita alipiga goti la kulia, akapiga la kushoto, akauma meno. Kigae kilichopasuka kilikuwa katikati kabisa, pale mtu anapokanyaga akitoka kuoga.

Akakitoa kwa tindo vipandevipande, akasafisha shimo. Peremende alisimama mlangoni na kandambili, kikombe mkononi, bahasha kwapani.

"Bosi," Milimita akasema bila kuinua kichwa, "bei ya kumaliza ni ngapi?"

"Ya nini?"

"Ya nyumba yangu. Nikisaini leo, mpaka siku ya mwisho, nitakuwa nimelipa ngapi zote?"

"Laki nne na themanini na nane tu kwa mwezi."

"Sijauliza ya mwezi."

Peremende akacheka kidogo. "Sisi hatuangalii hivyo, mzee wangu. Ukiangalia hivyo utapata presha bure. Wewe angalia unapumua vipi leo."

"Ile miezi nane, uliijua bei yake?"

"Mfumo ndio unaopiga hesabu." Akapuliza chai yake. "Halafu tusirudi huko, mama apumzike. Wewe weka jina tu hapa, maana binti yako mambo yake yalishaisha."

Mwiko ukasimama. "Yalishaisha vipi?"

"Nilimpigia, alipita jana. Nilimwambia baba yako anaona haya kukuomba. Akasaini hapohapo, hata hakusoma. Umelea, mzee wangu! Watoto kama wale siku hizi hakuna." Akainama, akaweka fomu juu ya ukingo wa beseni, kalamu juu yake.

Milimita aliitazama sahihi ya mwanawe. Binti alikuwa ameandika jina lake lote kwa herufi za kuunganisha, kama alivyofundishwa na mama yake kwenye meza ya jikoni. Ana miaka ishirini na tisa. Siku deni litakapoisha atakuwa na hamsini na minne, na magoti yake mwenyewe yanayouma. Mikono ilibaki imetulia, ndiyo mazoea ya kazi.

Akaichukua fomu. Akaikunja mara mbili, ikaenea shimoni vizuri kabisa, akaipiga chini. Akapaka gundi juu yake, akalaza kigae, akakigonga kwa nyundo ya mpira mpaka kikalingana na wenzake. Akaweka pimamaji. Sawasawa.

"We mzee! Hiyo ni hati ya benki!"

"Kigae kilicholazwa juu ya karatasi hakishiki," Milimita alisema, anakusanya vifaa. "Hakitatoka leo wala kesho, lakini kitalia tupu chini ya mguu, kama debe. Miaka thelathini na tatu sijawahi kumwachia mtu kazi inayolia tupu. Wewe ni wa kwanza. Kila ukitoka kuoga, sikiliza."

"Nitachapisha nyingine! Unanielewa? Dakika moja tu!"

"Chapisha. Sahihi yangu hutaipata, na ya binti hutaipata mara ya pili."

Peremende akanyoosha mkono, labda kumzuia, labda kumshika kama kawaida yake. Milimita aliutazama ule unyevu wa kiganja. Akapita ubavuni mwake bila kuugusa, akashuka ngazi moja moja, anashikilia ukuta.

Nyumbani alimkuta binti amekaa chini karibu na mlango, anamfunga mtoto kamba za viatu. Akaketi hapohapo, goti likamlia, akamweleza yote tangu zile kurasa kumi na nane. Alimwonyesha karatasi. Alimwonyesha mstari wa chaki akamwambia maana yake. Binti alisoma, midomo inacheza, kama anavyosoma kipimo cha dawa.

"Aliniambia nakusaidia," akasema hatimaye.

"Najua. Na mimi aliniambia namsaidia mama yako."

"Sasa tunafanya nini, baba?"

"Nimeongea na dalali njiani, anakuja leo kuitazama. Anasema inauzika milioni sabini na tano. Tukiwatupia wale wa benki hela yao inabaki thelathini na saba. Nitanunua kiwanja kidogo, nijenge vyumba viwili wakati bado naweza kuinama. Kwa pesa taslimu. Bei ya kumaliza."

Binti akageuka akatazama ndani, sebuleni, korido, mlango wa chumba cha nyuma uliofungwa. Machozi yakaanza kumtoka.

"Baba, tunauzaje? Mama alifia humu."

Milimita hakutaka kulisema, lakini lilikuwa limeshamfika mdomoni tangu Jumatatu.

"Mama yako alifia kwenye vigae vya benki, mwanangu. Vyetu ni hivi tulivyokalia."

Binti akafuta uso kwa kiganja. Mtoto alikuwa amekwishasimama na viatu vyake, anataka kukimbilia sebuleni, mama yake akamvuta taratibu akamkalisha mapajani. Wakabaki pale mlangoni wote watatu, ndani ya chaki, wakimsubiri dalali.