Nakuja, Fumie

...kwa sababu mwisho hakuwahi kuuandika, hata mara moja, na sasa wanamwuliza mwisho uko wapi kana kwamba ameusahau hotelini Deira, hapa Dubai, pamoja na miwani, Bwana Nagatomi, mtunzi wa muziki wa michezo ya video tangu nywele zake zikiwa nyeusi, amekaa kwenye kiti cha plastiki nyuma ya jukwaa, mkononi kikombe cha chai ya maziwa iliyozidi sukari, na Madam Mahfudha, mwandalizi wa onyesho, amesimama mbele yake na tabasamu la mtu aliyekwisha kuuza tiketi zote, "Bwana Nagatomi, okestra inakungoja kwa mazoezi, ule wimbo wa kijiji cha mchezo wako, tunaumaliziaje?"... tunaumaliziaje, swali zuri, muziki wa mchezo haumaliziki, bibi, unazunguka, ukifika mwisho unarudi mwanzo, mchezaji akikwama mtoni jioni nzima muziki unakaa naye mtoni jioni nzima, ndiyo kazi yenyewe, aliifundishwa Osaka katika chumba kisicho na dirisha, enzi ambapo mashine ilijua kuimba sauti tatu tu, tatu, na kelele moja ya kufanyia ngoma, na yeye kwa ujinga wa ujana akaupa wimbo wake wa kwanza mwisho mtamu, akajisifu, na mchezo ulipojaribiwa wimbo ukaisha vizuri kabisa, shujaa akabaki anatembea msituni kimya kimya kama mtu anayetoroka mazishini, wakubwa wakadhani mashine imeharibika... "Mwisho si kazi yako," mkuu wake alimwambia, akalishika neno hilo, loo, alilishika mno, miaka yote, na leo mwongoza okestra anapendekeza tarumbeta na ngoma kubwa, pwaa, watu wapige makofi, kijiji gani hicho kinachoishia kwa tarumbeta... "Dakika chache, madam, nakuja," anasema, na Mahfudha anarudi jukwaani, viatu vyake ko ko ko, lakini neno lenyewe linambakia mdomoni, nakuja, ndilo alilokuwa akimwambia Fumie, mkewe, kila jioni, Fumie yuko jikoni, chakula tayari, anaita, na yeye kaziba masikio kwa muziki, nakuja, na haji, supu inapoa, Fumie anaipasha moto, inapoa tena, anaifunika, na jioni hizo hizo ndipo alipokuwa akiutunga wimbo wa kijiji, watu wa nchi ngapi wamemwandikia kwamba wakiusikia hujiona wamefika nyumbani, nyumbani!, yeye aliyekuwa ukuta mmoja tu kutoka mezani kwake na hakufika... Fumie alifariki mwaka juzi, sasa hakuna anayemwita, anakula saa yoyote, amesimama, chakula hakina ladha, na anaona aibu, aibu ya kweli, na anamtamani mkewe kupita kiasi... chai hii ni tamu mno, kaletewa na mlinzi wa mlangoni, Mkenya, Teresiah, jina limeandikwa kifuani, alimtazama akasema mzee amekonda, anywe, na sasa Teresiah amegeukia ukuta anazungumza na simu, sauti iko juu, ndani ya simu mna muziki mdogo wa mchezo, pi pi piri pi, wa mtunzi mwingine, kijana labda, nao unazunguka, "Wewe Mercyline! Zima hiyo kitu, shosho, bibi yako, amekuita mara ngapi? Eti unakuja, unakuja wapi na umekaa? Chakula inapoa, aki, zima sasa hivi!"... lugha hiyo Nagatomi haijui hata neno moja, lakini kuita kule anakujua, kunapanda, kunachoka kidogo, kunapanda tena, amekusikia kupitia ukuta maisha yake yote, na ghafla muziki ndani ya simu unakatika, katikati, haukufika popote, na kwenye kimya chake zinasikika sahani, kijiko, kiti kinaburutwa, kumbe kuna watu kule, Teresiah anacheka, anamgeukia kwa Kiingereza, "Sorry, sir, ni mtoto wangu, akishika game haitiki," na kikombe cha Nagatomi kimesimama karibu na midomo, kwa sababu, ngoja... mwisho ulikuwepo, siku zote ulikuwepo, katika kila nyumba wimbo wake uliisha hivyo hivyo, katikati, mtu anayempenda mtu anamwita akale, kidole kwenye swichi, basi, mkuu wake alisema kweli, mwisho haukuwa kazi yake, ulikuwa kazi ya Fumie, na Fumie aliufanya kila jioni, na mumewe hakuitikia... basi wapige mara moja, wazunguke, waanze mara ya pili, na pale fidla zinapopanda, pale pale, wakate, bila tarumbeta, kimya, wacha ukumbi mzima ukae na kile kimya, atakayekumbuka kwao akumbuke... chai imepoa mkononi, jukwaani fidla moja inajipima, hakuna mpigaji aliyeondoka mahali pake, "Bwana Nagatomi!" Mahfudha anaita, sauti inapanda, imechoka kidogo, "tunakungoja!"

"Nakuja," anasema, na anainuka.