Operesheni Kamba ya Nguo

Sajini Kilonzo alirudi kutoka ng'ambo ya mpaka akiwa na likizo ya siku thelathini na kazi moja tu: kuezeka nyumba. Kuta alizisimamisha kwenye kishamba chao mashariki ya Thika, kwa matofali mabichi, kabla hajaambiwa anaenda kulinda mji wa wenyewe kwa miezi mitatu. Miezi mitatu ikawa kumi na minne. Kuta zilinyeshewa misimu miwili, huku mkewe Mwongeli akilipa kodi ya chumba ghorofa ya tatu pale Ruiru. Fundi alishasema wazi kwamba msimu wa tatu utaziangusha.

"Kesho tunaenda Thika," Kilonzo alisema siku ya kwanza, na alimaanisha.

Asubuhi yake, Nzisa wa ghorofa ya nne na Maggie wa ghorofa ya pili wakashikana juu ya paa, ambapo wapangaji wa ploti nzima huanika nguo. Maggie alikuwa amesukuma shuka za Nzisa pembeni zikiwa mbichi, naye Nzisa akazitupa suruali za mumewe Maggie vumbini. Mugo, keateka anayesimamia jengo, akaja kwa Kilonzo akihema.

"Sajini, kuja uwatenganishe. Wewe umezoea mambo ya peace. Ni dakika tano tu."

"Baba Mueni, sikia vizuri," Mwongeli akasema. "Hao hawajakuita. Ni Mugo amekuita."

Lakini mtu aliyevaa gwanda miaka kumi na sita utamwambia nini? Akapanda, akawatenganisha. Kisha, kwa kuwa hawezi kuona fujo akaiacha bila ratiba, akagawa kamba nusu kwa nusu, akapaka alama nyekundu katikati na kuandika zamu. Wanawake wakamletea chai na mandazi. Hata kule ng'ambo, wiki ya kwanza waliletewa maziwa ya ngamia, kabla wenyeji hawajawachoka. Angelikumbuka hilo, angelishuka ngazi mapema.

Siku ya nne pegi za kubania nguo zikaibwa, ikabidi alinde. Siku ya saba Maggie akalalamika kwamba Nzisa amepewa upande wenye jua, na mpaka wa kamba ukapimwa upya. Siku ya kumi Mugo akamwachia ufunguo wa paa, akaenda kwao Murang'a "kidogo tu". Watu sasa walitoka kwenda kazini wakijua nguo zina mwenyewe. "Sajini, ikinyesha uanze na zangu," waliagiza, bila hata kusimama. Kila jioni Kilonzo alimwambia mkewe, "Kesho."

Jumapili moja wakila, Mwongeli akauliza, "Kule mlimaliza aje?"

Kilonzo akaacha kula. Alimkumbuka Kyengo, rafiki yake wa hema moja, aliyeuawa na bomu barabarani zikiwa zimebaki wiki mbili warudi.

"Hatukumaliza. Zamu yangu ndiyo iliisha."

"Na hapa zamu yako inaisha lini?"

Swali hilo lilimuuma, maana yeye mwenyewe aliwahi kumwuliza kamanda wake.

Siku ya ishirini na sita, saa nane mchana, mvua ikashuka kwa hasira. Kilonzo akaparamia ngazi, akazoa nguo za nyumba ishirini na kuzirundika chumbani mwake: shuka, soksi, sidiria, zote pamoja. Jioni wenyewe wakaja. Hakuna aliyepata soksi zake mbili. Nzisa akaiona sidiria yake imelala juu ya mto wa Sajini.

"Wewe mwanaume, nani alikutuma ushike nguo zetu?"

"Si ni nyinyi..."

"Sisi?" Maggie akamshika Nzisa mkono kama dada yake wa tumbo moja. "Sisi tuligombana siku moja! Wewe ndio umetuletea border hapa!"

Wakashuka pamoja kwenda kunywa chai, bila kumkaribisha. Hapo ndipo Kilonzo alipogundua kwamba jiko lilikuwa baridi na mkewe hayupo. Akazikumbuka kuta. Akampigia mkewe simu.

"Mama Mueni, uko wapi? Mvua! Kuta zetu..."

"Niko ndani," Mwongeli akajibu. Mvua ilisikika ikipiga mabati juu yake. "Fundi alimaliza kuezeka jana. Nilikuambia Jumatatu kwamba namwita, ukasema sawa, huku ukitafuta pegi."

"Nisamehe. Nakuja saa hii."

"Kuja. Lakini ukifika ubishe, ungoje ukaribishwe."

Alifika Thika amelowa chapachapa. Mabati mapya yalikuwa yakilia kwa mvua, na taa ilionekana dirishani. Akabisha, akangoja. Kule ng'ambo, yeye na wenzake hawakuwa wakingoja kukaribishwa.